Keki ya korosho bila unga kwa Pasaka ya Kiyahudi: nani ameshaoka?

Mama Keki Ilazo

Mbukwenyi wadau wa jikoni. Wakubwa zangu shikamooni.

Mimi naoka keki za oda hapa Ilazo, Dodoma. Kipaimara, sendofu, siku ya kuzaliwa, zote zinapita mikononi mwangu. Sasa nina mteja, dada mmoja Myahudi, mumewe yuko kwenye mradi wa maji huku mkoani. Mwaka mzima ananunua kwangu na hana maneno. Juzi kanipigia: Pasaka yao inaingia Jumatano tarehe 1 Aprili jua likizama, usiku huo ana wageni, na anataka kitu kitamu cha karanga au korosho cha kumalizia mlo.

Nikasema hilo dogo. Akaanza masharti. Nisitie unga wa ngano, wala shayiri, wala shayiri ile nyingine ya uji wa wazungu. Hamira hapana. Bekingi pauda ya dukani hapana. Maziwa na siagi hapana, kwa sababu mezani kuna nyama na wao hawachanganyi. Hata ile sukari laini ya kunyunyizia juu ya keki kaikataa. Nikamuuliza, "Dada, sasa kinabaki nini?" Akacheka: "Mayai."

Nimeoka keki nyingi lakini keki isiyo na unga inasimama na nini? Halafu karanga au korosho? Karanga hapa Dodoma ndio kwao, bei nafuu, korosho inatoka mbali na bei yake mnaijua. Na wiki hiyohiyo ndiyo ya kwetu, Ijumaa Kuu tarehe 3 na Pasaka tarehe 5, oda zimejaa na jikoni kwangu ngano inapeperuka mpaka kwenye nyusi. Mwenye uzoefu anisaidie, sitaki kubahatisha kwa sikukuu ya mtu.

Mkulima wa Kongwa

Mama, karanga ni huku kwetu, usihangaike na korosho za Mtwara. Njoo nikupimie debe zilizobanguliwa vizuri, nyekundu, hazina mawe. Kaanga, twanga, piga na mayai na sukari, oka. Kwani kashata si karanga na sukari tu? Nani amewahi kulalamika kwamba kashata haina unga?

Jikoni Tangu Zamani

Marahaba mama. Ndugu yangu wa Kongwa, shusha debe kwanza.

Nimepika hotelini Arusha miaka mingi, na wageni wa Israeli walikuwa wanapita kwenda Serengeti, wengine wanaangukia palepale wiki ya Pasaka. Kuhusu karanga, muulize mteja wako kabla hujanunua hata kilo: familia yenu ni Waashkenazi au Wasefaradi? Wayahudi wenye asili ya Ulaya ya kati na mashariki wana desturi ya zamani ya kuacha mchele, mahindi, maharage na jamii yake wakati wa Pasaka, wanaliita kundi hilo kitniyoti. Karanga inaota ardhini na ni jamii ya kunde, kwa hiyo wengi wao wanaiweka humohumo. Wasefaradi, wale wa Hispania ya zamani, Afrika Kaskazini na Mashariki ya Kati, mchele kwa kawaida wanakula. Mwaka 2015 marabi wa mrengo mmoja huko Marekani waliwaruhusu hata Waashkenazi, ila si kila nyumba imefuata. Korosho inatoka juu ya mti, haina ugomvi huo. Lozi pia. Nenda na korosho.

Hiyo ndiyo sababu ya bekingi pauda na sukari laini pia. Soma pakiti: ndani kuna wanga wa mahindi. Ukitaka kunyunyiza kitu juu, saga sukari ya kawaida mwenyewe.

Sasa keki inasimama na nini. Inasimama na hewa uliyoifungia kwenye ute wa yai, basi. Mayai sita, korosho gramu 250, sukari gramu 200, chumvi kidogo, ganda la limau au chungwa ulilolikwaruza. Mafuta usiongeze hata kijiko, korosho yenyewe karibu nusu ya uzito wake ni mafuta. Na hapo ndipo watu wanapoharibu: ukiisaga mfululizo inakugeukia siagi. Ikaange kidogo, si mpaka iwe kahawia, halafu iache ipoe kabisa, kabisa. Changanya na vijiko vitatu vya ile sukari, saga kwa kugusagusa, washa zima, washa zima, tikisa chombo. Ikifika kama unga wa dona, acha. Chenga mbilimbili zikibaki si kosa, zinatafunika vizuri.

Viini piga na sukari iliyobaki mpaka vipauke na kuwa vizito. Ute piga kwenye bakuli kavu lisilo na mafuta, simamia pale ncha inapoinuka na kujikunja kidogo. Usiukaushe. Dodoma mko juu ya mita 1,100 kutoka usawa wa bahari, povu lililopigwa kupita kiasi linapanda haraka kwenye oveni na kushuka haraka vilevile. Korosho ingiza kwenye viini, halafu ute kwa mafungu matatu, kwa mwiko, kutoka chini kuja juu. Chombo cha sentimita 23, karatasi chini, pembeni usipake chochote ili keki ipate pa kushikia ikipanda. Moto wa 170, dakika 40 hivi. Ikiiva zima, fungua mlango kidogo, ipoe humohumo. Katikati itabonyea. Ndivyo ilivyo, usiilaumu.

Binti wa Area D

Mnisamehe, mimi sielewi. Hawa si ndio wanaokula mikate isiyotiwa chachu, Kutoka sura ya 12? Mkate ule si wa ngano? Sasa unga umekatazwa vipi wakati mkate wao wa sikukuu ni unga na maji?

Jikoni Tangu Zamani

Swali zuri, binti. Kinachokatazwa ni nafaka tano, ngano, shayiri na ndugu zake, pale zinapokutana na maji zikakaa zikaanza kuchacha. Mkate wao, matza, unakandwa na kuingia motoni ndani ya dakika 18 tangu maji yaguse unga. Zikipita, kwao umeshachacha, hata kama hamira haijakaribia. Sasa keki gani utachanganya na kuifikisha motoni kwa dakika 18, na unga uliosagwa Majengo ambao hujui umelowana wapi? Ndiyo maana wanakimbilia njugu za mtini, kama korosho na lozi. Wapo wanaosaga matza iliyokwisha kuiva na kuitumia kama unga wa keki, lakini wapo pia wasiotaka hata matza hiyo iguswe na maji siku zile. Keki ya njugu hizo tupu inawafaa wote.

Na mama, kuna jambo zito kuliko resipi. Oveni yako inaoka ngano kila siku. Trei zako, mwiko wako, bakuli zako, vyote vimeshakula ngano. Kwa nyumba inayoshika Pasaka sawasawa, keki isiyo na punje ya unga ikiokwa humo haifai tena. Wenyewe wanatoa unga wote nyumbani kabla ya sikukuu na wana vyombo vya Pasaka peke yake. Ongea na dada huyo, mwombe uokee kwake.

Mama Keki Ilazo

Mzee wangu, umeniokoa. Nimempigia palepale. Kumbe alikuwa anatafuta namna ya kuniambia bila kunikwaza! Ameshasafisha jikoni lake lote, oveni ya gesi ameiwasha moto wa juu ikaunguza mabaki yote ya ndani, ana bakuli mpya, blenda mpya na mashine ya mkono ya kupigia mayai iko kwenye boksi. Kwao ni Waashkenazi, kwa hiyo Mkulima wa Kongwa, pole kaka. Waingereza waliileta mitrekta Kongwa mwaka 1947 wakashindwa na karanga mwaka 1951, na leo karanga zako zimegonga mwamba Ilazo.

Mchana nimejaribu kwanza kwangu, kwa ajili ya kujifunza tu, na sufuria yangu ya mkaa. Korosho nimechukua zile vipande, mbichi zilizobanguliwa, siyo za kukaanga zenye chumvi. Vipande ni nafuu kuliko nzima, na kama unasaga, uzuri wa punje wa nini? Moto wa juu mwingi kuliko wa chini, kama ninavyofanya kwa keki nyepesi. Imepanda mpaka nikaogopa, imeshuka katikati kama alivyosema mzee. Wanangu wamekwangua mpaka karatasi. Ndani ina unyevu, inanukia limau, na ile ladha ya korosho inakuja mwishoni, ukishameza.

Jambo moja nimeliona kwa mayai. Nilitumia ya kienyeji, ni madogo, nikaweka saba. La pili kulivunja lina doa la damu. Nikakumbuka kumuuliza dada, akasema yai lenye damu kwao linatupwa, kila yai livunjiwe kwenye glasi peke yake kwanza. Huku kwetu kuku wanatembea na jogoo, madoa hayo utayakuta. Jumatano itahitajika trei nzima ya mayai, na ya kisasa tuchanganye.

Mkulima wa Kongwa

Hahaha mama, umenipiga na historia. Sawa, Wasefaradi wakija Dodoma nitafutieni.

Asha Uhindini

Dada, mimi nina swali la vitu vya juu. Zabibu zetu je? Naona keki iliyobonyea katikati inaita zabibu.

Jikoni Tangu Zamani

Zabibu mbichi, ziko sawa kabisa, ziosheni tu. Zikate nusu, toa mbegu, chemsha sukari na maji ya limau kidogo, mwagia. Zabibu kavu pia zinaingia, tena kuna kitu kingine mezani kwao wanaita haroseti: tufaa au tende, njugu za mtini zilizokatwakatwa, mdalasini na divai, kinakumbusha udongo wa matofali waliyofyatua Misri. Wa Ulaya wanaweka tufaa na jozi, wa Mashariki ya Kati tende. Ukimpelekea dada pakiti ya korosho za ziada kwa ajili hiyo atafurahi.

Lakini divai ya Dodoma usimpelekee kama zawadi ya meza hiyo, hata kama ni ile nzuri. Divai yao ina masharti tangu inapokamuliwa, lazima ishughulikiwe na Wayahudi wenyewe. Mpelekee siku nyingine, ajue mwenyewe.

Na ukifika jikoni kwake, mwache yeye awashe oveni. Wengine wanataka moto uwashwe na Myahudi, mpishi akiwa wa nje. Ni kugeuza kitufe tu, usichukulie vibaya.

Mtu wa Hesabu

Nyote mmesahau pesa. Korosho robo tatu ya gharama, nauli, na siku nzima nje ya jikoni lako wiki ya Pasaka. Mama, umemwambia bei gani? Usimpe bei ya keki ya ngano kwa sababu ni mteja mzuri.

Mama Keki Ilazo

Tumeshakubaliana. Vifaa vyote ananunua yeye, hata mayai, maana anataka kuona risiti na pakiti kwa macho yake. Mimi natoza ufundi na muda, keki mbili, na usafiri wa bodaboda kwenda na kurudi. Naingia kwake Jumatano asubuhi, saa saba mchana niwe nimetoka, keki zipoe kabla jua halijazama. Usiku huohuo narudi kwenye ngano zangu.

Halafu kuna mama mmoja wa kanisani mtoto wake ngano inamsumbua tumbo, ameonja kile kipande cha majaribio na kaagiza ya Jumapili. Hiyo naoka kwangu, kwenye sufuria ya mkaa ambayo nimeitenga na kuisugua. Mwingine anayetaka aseme kabla ya Alhamisi, korosho vipande zikiisha pale sokoni Majengo nitanunua nzima na bei itapanda.