Naomba ushauri: kipindi cha kuchambua filamu mpya

Wakuu, salamu kutoka Moshi. Mimi na mwenzangu tumepewa nusu saa kila Ijumaa kwenye televisheni ya kebo hapa mjini, tuchambue filamu mpya. Tunataka kuchanganya: Bongo muvi, ya Kihindi, ya Kikorea na moja ya Hollywood. Tunawaiga Siskel na Ebert, wachambuzi wa filamu wa Chicago, Marekani, waliokuwa wakibishana kwenye televisheni, kisha kila mmoja anainua au kushusha kidole gumba. Shida ni kwamba mwenzangu hana ubishi kabisa. Nikisema mbaya, naye mbaya! Halafu waigizaji wengine wa Bongo tunakutana nao sokoni; unaisemaje filamu dhaifu bila kumvunja mtu moyo? Na vipande vya kuonyesha, ruhusa tuombe kwa mtayarishaji au COSOTA, ofisi ya hakimiliki? Waliowahi kufanya kazi hii nisaidieni.