Shamba moja, karatasi mbili, na aliyegonga muhuri haulizwi!

Assalaam alaykum ndugu zangu. Nina hasira na sitaificha.

Shamba letu liko pwani ya kaskazini Unguja, huko ambako hoteli zimeshagusana. Marehemu baba alilinunua kwa waraka, mashahidi wakatia saini, sheha wa wakati ule, yaani kiongozi wa Serikali hapa kijijini, akagonga muhuri. Sasa wamekuja wapimaji wamechimbia bikoni, zile alama za mpaka, katikati ya migomba ya mama, na kijana waliyefuatana naye ana hati ya haki ya matumizi ya ardhi, ile inayotolewa na Serikali, yenye jina la mtu tusiyemjua. Tumekwenda ofisi ya ardhi na waraka wetu. Mtumishi akausoma, akasema: "Mzee wenu hapa kanunua minazi. Ardhi haimo."

Ndiyo, umeandikwa minazi! Ungeandikwaje? Baada ya Mapinduzi ya 1964 ardhi yote ilikuwa mali ya Serikali. Hakuna aliyethubutu kuandika "nimeuza ardhi yangu", kwa hiyo wazee waliuziana kile walichohesabiwa kuwa ni chao, nayo ni miti. Ardhi ikifuata miti, na kijiji kizima kikijua mpaka uko wapi. Sheria ya Umiliki wa Ardhi ya 1992 nayo inakubali kwamba miti inaweza kuwa ya huyu na ardhi ikawa ya yule, na mimi sina ugomvi na hilo. Liko kwa sababu, waulizeni wenye mikarafuu Pemba. Lakini kuichukua kanuni iliyowekwa kumlinda aliyepanda, ukaigeuza kuwa njia ya kumtoa katika shamba alilokaa umri wake wote, hiyo ni dhulma, wallahi.

Kilichonichoma zaidi ni hiki. Mtumishi yule yule akatuambia kuwa muhuri wa sheha si ushahidi wa umiliki. Sawa. Basi hati ya yule bwana ilianzia wapi? Ilianzia kwenye karatasi ya mauziano, nayo ina muhuri wa sheha! Tena sheha wa sasa, mtoto wa hapa hapa, aliyeokota nazi katika shamba hilo udogoni. Kwetu muhuri si kitu, kwa mwenye pesa umetosha kumfikisha hadi kwenye hati. Na hakuna hata mmoja aliyemwita sheha akamuuliza: ulipotia saini, ulikwenda kuliona shamba? Ulimuuliza jirani yupi?

Msiniambie niende Mahakama ya Ardhi, tumeshakwenda. Kesi inaahirishwa, na huku matofali yanashushwa. Tumeomba zuio, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha ujenzi, bado tunasubiri. Siku jengo likisimama tutaambiwa tuchukue fidia ya minazi.

Na hili si letu peke yetu. Angalieni eka tatu tatu, yale mashamba Serikali iliyowagaia watu baada ya Mapinduzi. Watu walipewa walime wapate kula, leo zinakatwa viwanja na wajukuu, kiwanja kimoja kinauzwa kwa watu wawili, na wanunuzi wengi ni wafanyakazi wa kawaida waliotoa akiba yao yote. Nao wanaonyeshwa muhuri huo huo.

Sheria ya utambuzi wa ardhi ipo tangu 1989. Maana yake mipaka itembelewe mbele ya majirani, kila mwenye dai asikilizwe, ndipo iandikwe ardhi ni ya nani. Kwetu maofisa wa utambuzi huo hatujawaona. Basi mpaka watakapofika, asitoke mtu na hati mpya kwa shamba lenye watu wanaoishi ndani yake bila ya wao kuitwa. Na sheha anayeshuhudia mauzo ya mali ya mwengine naye ashitakiwe pamoja na muuzaji.

Nawaomba wenye uzoefu: yupo aliyeshinda kesi akiwa na waraka wa minazi tu? Mlileta mashahidi gani, na zuio mlilipataje kabla ya ujenzi? Nijibuni hapa hapa, wapo wengine wanaohitaji kusoma.