Kachumbari ya matango inageuka maji kabla ya saa saba mchana, nifanyeje?

MpishiNgamiani

Habari zenu wapishi wenzangu, na wakubwa zangu shikamooni.

Nipo Tanga, Ngamiani. Kazi yangu ni kupelekea mafundi cherehani 12 chakula cha mchana. Naanza kupika alfajiri, saa sita kasorobo napanda bajaji na vyombo vyangu, saa saba wanakula. Sasa huu msimu wa kaskazi mnaujua wenyewe. Mtu amekaa chini ya bati tangu asubuhi, pembeni yake pasi ya mkaa, halafu unamletea wali wa moto na mchuzi wa moto. Anakula nusu, anasukuma sahani. Nilikuwa narudi nyumbani na mabaki mpaka naona aibu.

Nikaanza kuwawekea kachumbari ya matango, ya baridi, ijae pembeni ya wali. Wiki ya kwanza sahani zilirudi nyeupe. Nilifurahi mno, maana nilijua wamekula wakashiba.

Tatizo ni hili. Nakata matango 6 makubwa, nyanya 5, vitunguu maji viwili, natia chumvi na ndimu 4, nachanganya vyote saa nne, nafunika dishi. Nikifunua saa saba, maji yamefika nusu ya dishi. Tango limelegea kama lililochemshwa, ule ukijani wake umefifia, umekuwa kama jani la mgomba lililoanza kukauka. Chumvi huisikii, ndimu huisikii. Nikimwaga yale maji, nimemwaga na ladha yote.

Juzi Jumanne ikazidi. Tango moja lilikuwa chungu, likaharibu dishi zima. Kuna fundi mmoja mzee pale, hajawahi kulalamika hata siku wali uliposhika moshi. Siku hiyo aliweka kijiko chini, akaniambia taratibu, "Mwanangu, hii leo imenishinda." Sikulala vizuri.

Nyumbani nina friji ndogo, pale karakana hakuna. Bei ya sahani siwezi kupandisha, kwa hiyo naomba njia ya vitu vya sokoni tu. Nisaidieni.

BiMkubwaMkunazini

Marahaba mwanangu. Mimi nimepika shughuli hapa Unguja zaidi ya miaka 30, harusi na maulidi, na hilo dishi la maji nimelilia kabla yako.

Tango karibu lote ni maji, asilimia 95 na zaidi. Ukilitia chumvi, chumvi inayavuta yatoke. Kuyazuia huwezi. Basi yaache yatoke mapema, kwenye chujio, kabla tango halijakutana na kitu kingine chochote. Wewe unayatoa ndani ya dishi, juu ya ndimu yako na vitunguu vyako, ndiyo maana kila kitu kinapoa ladha.

Fanya hivi. Osha matango, menya ukipenda, mimi huacha mistari ya ganda ili rangi ibaki. Pasua kila moja kwa urefu. Chukua kijiko cha chai, anzia juu, kivute mpaka chini, utaona ule ute na mbegu vinatoka pamoja kama utepe. Ule ute ndiyo wenye maji mengi kuliko nyama yenyewe. Kisha kata vipande vya nusu mwezi, visiwe vyembamba mno, unene wa sarafu mbili zilizobebana unatosha. Kwa kilo moja ya matango nyunyiza chumvi kijiko cha chai kimoja na nusu, changanya kwa mkono, mimina kwenye chujio, weka bakuli chini. Nenda kafanye kazi nyingine nusu saa nzima. Usiwe unakuja kuligusagusa.

Ukirudi, bakuli litakuwa limepata maji ya kutosha kukushangaza. Onja kipande kimoja. Chumvi ikiwa imezidi, suuza mara moja kwa maji yaliyochemshwa yakapoa. Halafu tandika kitambaa safi, mimina matango, kusanya ncha za kitambaa, bana kwa viganja viwili. Ubane, usikamue kama unafua, utayavunja. Yakitoka hapo ukitafuna utasikia *kha!* mdomoni, na hayo yatakaa hivyo mpaka saa saba yako.

Vitunguu navyo vina kazi yake. Vikate vyembamba, vitie chumvi, vifikiche kwa vidole mpaka vilainike na vitoe povu lile la ukali, suuza maji mawili matatu. Na tungule, yaani nyanya, mwanangu, zitoe mbegu zote, ubaki na nyama tu. Tungule na mbegu zake itakurudishia yale maji uliyoyatoa.

Ndimu usitie nyumbani. Huo uchachu ndio unaoua rangi ya kijani, na siki ni vivyo hivyo. Kamulia ndimu zako kwenye chupa ndogo, nenda nayo, mimina pale pale wanapokaa kula.

La uchungu: uchungu wa tango hukaa zaidi upande wa kikonyo na chini ya ganda. Mmea ukishikwa na kiu na jua kali, uchungu huongezeka, ndiyo maana kaskazi hii unakutana nao. Kata vidole viwili upande wa kikonyo, halafu onja kipande kidogo cha KILA tango, moja moja, kabla halijaingia pamoja na wenzake. Mama yangu alinifundisha kukata ncha na kuisugua mpaka povu litoke, na mimi bado nasugua kwa kumkumbuka, lakini kuonja siachi. Likiwa chungu kweli kweli, tupa lote. Linaweza kumvuruga mtu tumbo.

JikoniKongowea

Mamangu amesema kweli, heshima zangu. Ila mimi nina neno moja kuhusu chumvi.

Nauza mishkaki jioni hapa Mombasa, na kachumbari ni nusu ya biashara yangu. Nilifuata njia ya kutia chumvi na kuchuja kwa muda mrefu, nikaiacha. Tango lililochujwa lina mkatiko, ndiyo, lakini ni mkatiko mwingine, unakaribia wa achari. Ule ubaridi wa tango bichi, maji yanayopasuka mdomoni, umeondoka. Na mtu aliyechoka na jua hicho ndicho anachokitafuta.

Mimi nafanya hivi: natoa mbegu kwa kijiko kama alivyosema, nakata vipande vikubwa vya mraba, navikausha kwa kitambaa, naviweka bila chumvi, bila ndimu, bila chochote. Vitunguu chombo chake. Nyanya chombo chake. Dania (giligilani) na pilipili mbuzi chombo chao. Mteja akija ndipo nachanganya, chumvi na ndimu vikiingia mwisho. Kwa watu 12 ni kazi ya dakika tatu.

Na jambo ambalo sijaona mtu akiligusa: baridi. Dada, usiliache tango lililokatwa kwenye joto la mchana. Kanuni ya usalama wa chakula ni kisikae nje ya baridi zaidi ya muda wa saa mbili, na joto likipita nyuzi 32 ni muda wa saa moja tu. Tanga mwezi huu mnafika hapo kwa urahisi. Jaza maji chupa mbili za plastiki usiku, acha nafasi kidogo juu zisipasuke, zigandishe kwenye hiyo friji yako. Asubuhi zilaze ndani ya kibaridisha chakula, na kama huna, ndani ya ndoo yenye mfuniko iliyozungushiwa kitenge kizito. Vyombo vyako viweke katikati. Maji yale yale yakiyeyuka, mafundi wanayanywa.

Matango yaoshe kabla ya kukata, kwa maji unayoyaamini. Hakuna moto utakaokuja kuua vijidudu baadaye. Kibao ulichokatia kuku kisikaribie.

WeteMpakaSeeb

Assalamu alaykum. Mimi mzaliwa wa Wete, Pemba, sasa nipo Seeb, Oman. Huku kiangazi ni Juni mpaka Agosti na joto hupita nyuzi 40, kwa hiyo tango liko mezani kila siku. Tunayo madogo, membamba, ganda laini, hayamenywi.

Tunalikata dogo dogo au tunalikwaruza, tunachanganya na mtindi mzito, thomu (kitunguu saumu) iliyopondwa na chumvi, na nanaa kavu inayofikichwa juu kwa viganja. Linaliwa na wali wa samaki au wa nyama. Na hapa lazima nikubaliane na Bi Mkubwa: tango la mtindi lisipotiwa chumvi na kuchujwa kwanza, ndani ya robo saa una bakuli la maji meupe. Mtindi wenyewe pia nauchuja kwenye kitambaa.

Lakini dada wa Tanga, kwa kazi yako ya bila friji mchana, mtindi usiupeleke. Kula nyumbani kwako Jumapili. Hao mafundi wachukulie nanaa tu. Majani machache mabichi, yaliyochanwa kwa mkono pale pale, yanalifanya tango lisikike la baridi zaidi ya lilivyo.

MpishiNgamiani

Wakubwa zangu, nimerudi, na nimejaribu siku mbili tofauti ili niwe na cha kusema.

Alhamisi nilifanya ya Bi Mkubwa. Matango 6, nikaonja kila moja. La nne lilikuwa chungu! Nililishika mkononi nikamkumbuka yule mzee, nikalitupa, nikabaki na 5. Mbegu zilijaza kibakuli. Baada ya nusu saa kwenye chujio, maji yaliyotoka yalizidi nusu kikombe cha chai, na nilipobana kitambaa yakatoka mengine. Saa saba nilipofunua dishi, chini palikuwa na unyevu tu. Matango makavu, ya kijani. Nikamimina ndimu mbele yao.

Ijumaa nikafanya ya Kongowea, na chupa za barafu ndani ya ndoo. Ndugu yangu, ulilosema kuhusu ubaridi ni kweli. Siku ile wali ulikuwa na samaki wa nazi, na nilisikia vijana wakitafuna kabla hawajaanza kuongea. Ila kuchanganya pale pale kuliniweka nyuma, maana natakiwa nipakue sahani 12 na wana nusu saa tu ya kula. Wa mwisho alisubiri.

Kwa hiyo nimeamua: matango nachuja kwa chumvi, lakini dakika 15 badala ya 30, yabaki na maji kidogo ndani yake. Vitunguu vya kufikicha. Nyanya bila mbegu. Vyote vinasafiri kwenye barafu, ndimu na nanaa vinaingia pale. Jambo moja niwaambie wenzangu wenye biashara: ukitoa mbegu na maji, dishi linapungua, kwangu lilibaki kama theluthi mbili. Inabidi niongeze matango mawili kila siku. Nimepiga hesabu, nimepunguza nyanya moja na mafuta kidogo kwenye mchuzi, imekaa sawa.

Yule mzee Ijumaa hakusema neno. Alisogeza sahani yake mbele akaniomba kijiko kingine cha matango.

Swali la mwisho, Bi Mkubwa. Yale maji ya tango yenye chumvi naona vibaya kuyamwaga. Yana kazi?

BiMkubwaMkunazini

Yana kazi sana. Maadamu umeonja matango yote na hakuna chungu, yatie kwenye mchicha unapokaribia kuiva, badala ya chumvi. Onja kwanza, yana chumvi nyingi. Na siku hiyo hiyo, usiyaweke mpaka kesho.