Space Shuttle ilirudi nzima na mabawa yake, mbona haikuweza kuruka tena upesi?

Chumbageni_Fundi (Tanga):
Wakuu, habari za saa hizi. Tanuru la saruji kama lile la Pongwe limejengwa ndani kwa matofali ya moto. Joto la mle hufika nyuzi 1,450 na matofali hukaa miezi bila mtu kuyagusa. Space Shuttle, kile chombo cha NASA cha kubeba watu kwenda angani, nayo ilivishwa vigae na iliruka mara 135 kuanzia 1981 hadi 2011, lakini kila iliporudi vigae vilikaguliwa kimoja kimoja. Kwa nini? Mpango wa mwanzo ulikuwa chombo kiruke tena baada ya wiki mbili hivi, na naona rekodi yake ni siku 54. Muda ulikuwa unaliwa wapi? La pili: kapsuli za siku hizi, vile vyombo vidogo vya watu visivyo na mabawa, zinatua baharini. Sisi watu wa mwambao chumvi tunaijua. Zinarudiwaje, yaani zinatumikaje tena?

Raskazone77:
Nianze na vigae, maana hapo ndipo watu wengi wanapokosea.

Tofali la tanuru na kigae cha Shuttle havina undugu wowote. Tofali ni zito, limeegemea wenzake, na nyuma yake kuna chuma kinene. Kigae ni nyuzi za silika ambazo kwa ujazo asilimia 90 ni hewa tupu. Mita moja ya ujazo ina kilo 144 hivi. Maji ya ujazo huohuo ni kilo 1,000. Juu kinapigwa na nyuzi 1,260, na chini yake kuna ganda la aluminiamu ambalo halitakiwi kuzidi nyuzi 177. Unene unaotenganisha hayo mawili ni wa sentimita chache tu.

Tabu sasa ni kukibandika. Aluminiamu inatanuka na kujikunja, silika haitanuki karibu hata kidogo. Ukikigandisha kigae moja kwa moja kwenye ganda, kinapasuka. Kwa hiyo mpangilio ulikuwa hivi kutoka nje: kigae, gundi ya silikoni, kipande cha felti (kitambaa kinene cha nyuzi zilizoshindiliwa), gundi tena, ndipo aluminiamu. Kati ya kigae na kigae iliachwa nafasi ndogo ili ganda lipumue.

Felti ile ikaleta balaa lake. Ilikuwa inashika mgongo wa kigae kwa vidoa vidoa, si eneo zima, kwa hiyo mvuto wote uliangukia nyuzi chache. Kigae ambacho peke yake kilikuwa imara, kikishabandikwa kiling'oka kwa karibu nusu ya nguvu iliyotarajiwa. Jambo hili liliwaumbua 1979, Columbia, Shuttle ya kwanza kuruka, ikiwa bado chini. Maelfu ya vigae vilibanduliwa, migongo ikapakwa uji wa silika ili igande na kuwa migumu, vikabandikwa upya, kisha vikajaribiwa kwa kuvutwa na kikombe cha kunyonya hewa. Hiyo ni sababu mojawapo kubwa ya safari ya kwanza kusogea hadi tarehe 12 Aprili 1981.

Halafu maji. Kigae kimepakwa kioo juu na ubavuni, lakini ndani ni kama sifongo. Kikinyonya mvua kinaongeza uzito, na maji yakiganda huko juu kinapasuka. Dawa ya kuzuia maji ilidungwa kwa sindano, kigae kwa kigae, na dawa hiyo huungua chombo kinaporudi. Kwa hiyo safari ijayo unadunga tena. Vigae vilikuwa kama 24,000 na karibu kila kimoja kina umbo lake na namba yake. Hapo tu hesabu saa za watu.

Kaole_Mwambao (Bagamoyo):
Raskazone kamaliza vigae, mie niongeze injini na yale maroketi mawili ya ubavuni.

Injini tatu za nyuma zilikuwa za hali ya juu kupita kiasi. Pampu ya hidrojeni ilizunguka mara 35,000 hivi kwa dakika. Upande mmoja ina hidrojeni ya nyuzi -253, upande wa pili gesi ya moto inayoisukuma, na umbali wa kutoka baridi hadi moto ni mfupi sana. Mapanga ya tabo, lile gurudumu linalosukumwa na gesi, yalipata nyufa, kwa hiyo injini zilifunguliwa kutoka chomboni na pampu zikachunguzwa baada ya safari. Pampu imara zaidi zilianza kuingizwa 1995 kwa upande wa oksijeni, na 2001 kwa upande wa hidrojeni.

Maroketi ya ubavuni yaliangukia Atlantiki kwa miamvuli. Wazamiaji waliziba mdomo wa roketi, wakasukuma maji yatoke ili lilale juu ya bahari, meli ikalivuta hadi Florida, likaoshwa, vipande vikapelekwa kwa reli hadi Utah kujazwa baruti upya. Ukiniuliza, hapo ulikuwa unaokoa mapipa ya chuma kwa gharama inayokaribia kununua mapya.

Vipande hivyo viliungwa kwa oringi, yaani pete za mpira za kuzuia gesi isipenye, na hapa fundi wa majahazi wa Bagamoyo ataelewa haraka. Kalafati ya pamba kati ya mbao inashika kwa sababu mbao zikilowa zinavimba na kuibana. Kwenye roketi lile ilikuwa kinyume: likiwashwa, chuma kinatuna na kiungo kinafunguka, kwa hiyo oringi inatakiwa iruke ifuate ufa katika sehemu ndogo ya sekunde. Mpira wa baridi ni mzito kurudi. Asubuhi ya tarehe 28 Januari 1986 Florida ilikuwa na nyuzi 2 hivi. Gesi ikapenya kiungo cha roketi la kulia, na sekunde 73 baadaye Shuttle iitwayo Challenger na watu wake saba wakapotea. Walipotengeneza upya waliongeza oringi ya tatu, mdomo wa chuma wa kuzuia kiungo kisifunguke, na nyaya za kupasha joto.

Kuhusu siku 54: hiyo ni kutoka kuruka hadi kuruka, Shuttle iitwayo Atlantis, Oktoba hadi Novemba 1985. Baada ya Challenger haikukaribiwa tena. Bora kuliko zote ilikuwa siku 88, Columbia, 1997.

Mkonge_Boi:
Kwa hiyo Shuttle ndiyo iliyokuwa ya kwanza kurudiwa?

Raskazone77:
Kwa obiti yenye watu, ndiyo. Ila ndege ya roketi X-15, ileile namba 3, ilivuka kilomita 100 mara mbili Julai na Agosti 1963, rubani Joseph Walker. Na kapsuli ya Gemini 2 iliruka Januari 1965, ikaruka tena Novemba 1966, zote bila mtu. Buran ya Warusi iliruka mara moja tu, 15 Novemba 1988, ikatua yenyewe bila rubani, na haikupata safari ya pili.

Pangani_Road:
Nijibu la bahari.

Chukua Crew Dragon, kapsuli ya kampuni ya SpaceX. Kapsuli ya Endeavour ilipeleka watu Mei 2020, ikarudiwa Aprili 2021. Ikishatua, boti ya kwanza haimkimbilii abiria. Inanusa kwanza kama kuna mvuke wa mafuta, maana vijiroketi vyake vinatumia hidrazini na tetroksidi ya naitrojeni, na vyote ni sumu. Kisha inanyanyuliwa melini, mlango unafunguliwa.

Chumvi, kama ulivyosema, ni adui. Haimtishi titani, inamtafuta aluminiamu, viunganishi vya nyaya na pembe ambazo maji yanakaa. Ngao ya joto ya chini hubadilishwa. Lile pipa la nyuma lenye paneli za jua hutupwa kabla kapsuli haijaingia angahewa, kwa hiyo usisikie "kinarudiwa" ukadhani ni chote.

Ajali yake iliyofundisha zaidi haikuwa ya bahari. Tarehe 20 Aprili 2019 kapsuli iliyokuwa imerudi kutoka angani ililipuka ikijaribiwa chini, haina mtu. Vali isiyorudisha ilikuwa imevujisha tetroksidi kidogo ikaingia bomba la heliamu. Mfumo ulipopandishwa presha, kile kimiminika kikasukumwa kama risasi kikapiga vali ya titani, na titani ikawaka. Waliondoa vali zile wakaweka visahani vya kupasuka: visahani havivuji, hubaki vimeziba mpaka presha ivipasue.

Chumbageni_Fundi:
Shukrani sana. Sasa si bora watue nchi kavu wakwepe chumvi?

Kaole_Mwambao:
Starliner, kapsuli ya Boeing, imefanya hivyo: inadondosha ngao ya joto ikiwa bado hewani, inatua mchangani juu ya mifuko ya hewa. Lakini 2024 ilipovuja heliamu na vijiroketi vikagoma, ilirudi Septemba bila watu, na vijiroketi vilivyosumbua vilikuwa kwenye sehemu ya huduma, ile inayotupwa iungue. Fundi akabaki na rekodi za mitambo na majaribio ya chini tu, kifaa chenyewe hana.

Raskazone77:
Na kwa wanaofuatilia Starship, chombo kikubwa kipya cha SpaceX: vigae vyake vingi vimeshikwa kwa pini za chuma, si gundi, na ganda lake ni chuma kisichoshika kutu kinachovumilia joto zaidi ya aluminiamu. Haijabeba mtu bado. Ila angalia wanavyohangaika na nafasi kati ya vigae, utaona ni ugonjwa uleule wa Shuttle: kigae kigumu juu ya ganda linalotanuka.