Miguu inazama na mateke hayanisogezi mbele: tatizo ni nini?

Mkimbiaji wa Soweto, Moshi

Habari zenu wanajamvi. Ninaishi Moshi, umri umevuka miaka 40, na mchezo wangu wa siku zote ni mbio. Nusu marathoni ya Kilimanjaro naifahamu vizuri, pamoja na ule mlima wa kuelekea Mweka unaowatesa wengi. Goti la kulia lilipoanza kuuma, daktari alinishauri nipunguze kukimbia kwenye lami na niogelee zaidi, nami nikaanza kwenda katika bwawa la hoteli moja hapa mjini, lenye urefu wa mita 25.

Mikono imeanza kukubali, lakini miguu imegoma. Nikiogelea mtindo huru, ule wa kulala kifudifudi na kuzungusha mikono kwa zamu, kiuno hushuka, miguu huzama, na ninapokaribia ukuta wa pili ninakuwa nimesimama majini zaidi ya kulala. Nikishika ubao wa kuelea na kupiga mateke peke yake, mambo huharibika zaidi. Napiga kwa nguvu zangu zote, maji yanawarukia watu waliokaa kwenye viti, lakini nikitazama chini naona vigae viko palepale, na mara nyingine mstari mweusi wa sakafuni unanitangulia, maana yake ni kwamba ninarudi nyuma. Juzi mtoto wa shule ya msingi alinipita huku akipiga soga na mwenzake.

Ninaomba kueleweshwa, kwa sababu sioni ni vipi mtu anayekimbia kilomita 21 aambiwe kwamba miguu yake haina nguvu. Je, niongeze mazoezi ya nguvu za miguu, ninunue mapezi ya kuvaa miguuni, au niachane kwanza na mtindo huru nijifunze mtindo wa chura, ambao rafiki yangu anadai ni mwepesi kwa watu wazima?

Mwalimu wa Njiro

Ndugu Mkimbiaji, karibu sana majini. Ninafundisha watu wazima hapa Arusha, na hali unayoieleza huwapata wakimbiaji na waendesha baiskeli kuliko watu wengine wote. Nguvu unazo, pengine nyingi kupita kiasi, na usipoteze muda kuziongeza. Tatizo lako liko kwenye kifundo cha mguu, na kwa sehemu kubwa liko pia kichwani, namaanisha jinsi unavyokiweka kichwa chenyewe.

Keti sakafuni, nyoosha miguu mbele yako, kisha elekeza vidole mbali nawe kadiri uwezavyo. Kwa mwogeleaji aliyezoea, vidole hushuka hadi karibu kugusa sakafu na wayo huwa umeendeleza mstari wa muundi. Kwa mkimbiaji, vidole huishia hewani, kwa kuwa miaka ya kukanyaga lami imekifundisha kifundo kuwa kigumu ili mwili usiyumbe, na ugumu huo ni faida barabarani. Ndani ya maji mambo hugeuka. Teke la mtindo huru humsukuma mtu mbele pale tu ambapo upande wa juu wa wayo, yaani pale kamba za viatu zinapofungwa, unapoyasukuma maji kwenda chini na nyuma. Wayo uliosimama wima hauwezi kufanya hivyo. Huyakata maji bila kuyasukuma, au huyavuta upande usiotakiwa, na ndiyo maana unaona vigae vinakutangulia.

Jambo la pili ni goti. Mtu anayejitahidi sana hulikunja goti na kulivuta chini ya tumbo kama anayeendesha baiskeli, na kila anapofanya hivyo paja lake huyasukuma maji mbele. Kumbuka kwamba maji ni mazito kuliko hewa kwa takriban mara 800, kwa hiyo paja lililojitokeza ni breki kubwa sana. Teke linapaswa kuanzia nyongani. Paja litangulie kushuka kidogo, goti lilegee na kujikunja kwa kiasi kile ambacho maji yenyewe yanakikunja, kisha muundi na wayo vifuate kwa mchapo mmoja. Wakati wa kupanda, mguu urudi ukiwa umenyooka. Upana kati ya mguu wa juu na wa chini usizidi sentimita 30 au 40, vidole gumba vielekeane na kukaribia kugusana, na visigino vitokeze kidogo tu juu ya maji. Hayo maji yanayowarukia watu kwenye viti ni nguvu unayoimwaga hewani.

Sasa kichwa. Mapafu yamejaa hewa na yako kifuani, kwa hiyo kifua huelea. Miguu, hasa ya mtu mwenye misuli mingi na mafuta machache kama wewe, huzama. Ukiinua kichwa ili uone ukuta, makalio yanashuka papo hapo na hakuna teke litakaloyainua. Tazama chini moja kwa moja, shingo iwe imelegea, na egemeza uzito kifuani. Kabla ya kupiga teke lolote, jisukume kutoka ukutani mikono ikiwa imenyooshwa mbele, uteleze bila kufanya chochote, uone ni wapi miguu inaanza kuzama. Fanya hivyo hadi uweze kuteleza mita kadhaa mwili ukiwa umelala, ndipo uongeze mateke madogo. Watu hawapendi zoezi hili kwa sababu halichoshi na hudhani hawajafanya kitu, lakini mimi sioni njia nyingine.

Mama wa Waogeleaji Wawili

Shikamoo Mwalimu. Kaka Mkimbiaji, naongezea kidogo tu kuhusu vifundo. Utaambiwa upige magoti na kukalia visigino ili kifundo kilegee. Zoezi hilo ni zuri, ila kwa goti linalouma usilifanye. Keti kwenye kiti, weka mguu mmoja juu ya paja la mwingine, ushike vidole kwa mkono na uvikunje taratibu kuelekea upande wa unyayo, kisha uzungushe kifundo pande zote mbili. Ukiwa unatazama taarifa ya habari jioni unaweza kuifanya kazi hiyo bila kuona shida. Kifundo cha mtu mzima hakilegei kwa wiki moja, kwa hiyo usikilazimishe.

Kuhusu mapezi, chagua yale mafupi na laini. Yakikupa picha ya jinsi teke sahihi linavyohisiwa yamefanya kazi yake, basi uyavue. Marefu yanampeleka mtu mbele hata akikosea, na akiyavua anarudi palepale alipokuwa.

Mzee wa Tengeru

Nakubaliana na Mwalimu kuhusu kifundo na kichwa, lakini huo ubao mimi ningeuondoa kabisa kwa mwanafunzi wa namna hii. Mtu anaushika kwa mikono iliyokakamaa, anainua kichwa, mgongo unapinda, makalio yanashuka, halafu anaambiwa apige mateke kwa bidii. Anajifunza kupiga teke katika mkao ambao hatautumia tena anapoogelea. Afadhali apige mateke akiwa amelala chali, mikono ikiwa ubavuni na masikio ndani ya maji, ambapo pua iko nje na anaweza kuona makosa yake mwenyewe: goti likitokeza juu ya maji, anajua kwamba anakunja mno. Baada ya hapo alale kwa ubavu, mkono wa chini ukiwa umenyooshwa mbele na wa juu ukiwa umelala pajani, apige mateke madogo na kugeuza uso kuvuta pumzi. Ubavu ndio mkao unaofanana na mtindo huru wenyewe, kwa kuwa anayeogelea vizuri hujigeuza kutoka ubavu hadi ubavu.

Vilevile ni vyema ajue anaogelea kwa ajili gani. Hilal Hilal na Magdalena Moshi walipoiwakilisha Tanzania katika Olimpiki ya Rio mwaka 2016, waliogelea mita 50 mtindo huru, umbali unaokwisha kwa chini ya nusu dakika au zaidi yake kidogo, na huko kila mmoja hupiga miguu bila kuhesabu gharama, kwa kawaida mateke sita kwa kila mzunguko kamili wa mikono. Mtu wa afya anayetaka kuogelea nusu saa ana sababu gani ya kuiga hayo? Mateke mawili kwa mzunguko yanamtosha: mkono wa kulia unapoingia majini na kuanza kuvuta, mguu wa kushoto unapiga, kisha upande wa pili vivyo hivyo. Teke hilo linasaidia kiuno kujigeuza na linauacha mwili ukiwa umelala, na waogeleaji wengi wa masafa marefu wanalitumia.

Kwa habari ya mitindo, aanze na chali pamoja na mtindo huru, kwa kuwa teke lake ni lilelile lililogeuzwa. Na tafadhali, kwa kuwa yuko Moshi, asije akashawishiwa kwenda kujifunzia Chemka. Maji yale ya chemchemi za Kikuletwa ni mazuri kutazama na watu huruka kwa kamba kutoka mitini, lakini mahali pengi miguu haifiki chini na upande yanakotokea maji kuna mkondo. Anayejifunza abaki mahali ambapo akisimama kichwa kinakuwa nje.

Mkimbiaji wa Soweto, Moshi

Nimewasikia wote na ninashukuru sana. Leo jioni nimejaribu kuteleza bila mateke kama Mwalimu alivyoelekeza, na kweli miguu huanza kuzama mara tu ninapochungulia mbele. Nimebaki na maswali mawili. La kwanza ni pumzi: inakuwaje mtu anayeweza kukimbia saa mbili aishiwe pumzi kabla ya mita 25? La pili ni mtindo wa chura, ambao hamjaugusa, na nauliza kwa sababu ya hili goti.

Mwalimu wa Njiro

Pumzi kwanza. Misuli ya mapaja ndiyo mikubwa kuliko yote mwilini na inakula oksijeni nyingi. Unapopiga mateke kwa nguvu zote unaipa kazi kubwa, huku kazi hiyo ikikuletea mwendo mdogo sana, kwa kuwa katika mtindo huru sehemu kubwa ya mwendo hutoka mikononi. Juu ya hayo, nina hakika unabana pumzi uso ukiwa ndani ya maji, kisha unapogeuza uso unataka kutoa na kuvuta kwa wakati mmoja. Toa mapovu mfululizo, taratibu, kwa pua na mdomo, ili uso unapotoka nje ubaki na kazi moja tu ya kuvuta hewa. Mwinuko usiusingizie. Arusha iko takriban mita 1,400 juu ya usawa wa bahari na Moshi iko chini zaidi. Mgeni kutoka Dar es Salaam anaweza kulalamika siku za mwanzo, wewe mwenyeji huna haki hiyo.

Mtindo wa chura una kichekesho chake, kwa sababu kifundo kilichokataa mtindo huru huku hakimzuii mtu. Teke la chura linataka wayo ukunjwe kuelekea muundi na vidole vielekezwe nje, jambo ambalo wakimbiaji wengi hulifanya bila taabu. Visigino huletwa karibu na makalio, nyayo hugeuzwa nje, kisha miguu yote miwili husukuma nyuma kwa pamoja ikizunguka na kukutana, na baada ya hapo mwili unaachwa uteleze. Kosa la kawaida la watu wazima ni mguu mmoja kupiga chura na mwingine kupiga kama mkasi, jambo ambalo kwenye mashindano humtoa mtu nje ya matokeo. Hata hivyo, kwako wewe nasitasita. Msukumo huo wa kuzungusha nje huvuta kano za upande wa ndani wa goti, na ni upande huo huo unaowauma waogeleaji wa chura wanaozidisha. Muulize daktari wako ni sehemu gani ya goti yenye tatizo kabla ya kuujaribu, na akikuruhusu, usipanue magoti kupita upana wa nyonga zako kwa kiasi kikubwa. Rafiki yako anauona mwepesi kwa sababu kichwa kinakaa nje. Ukiogelea hivyo kwa muda mrefu, shingo na kiuno vitakueleza.

Mtindo wa kipepeo sitautaja kwa sasa. Nao unaanza na mwili unaoelea vizuri, na tusubiri tufike hapo.

Mzee wangu wa Tengeru, kuhusu ubao naafiki nusu. Kwa anayeanza, chali na ubavu ni bora. Ila mwanafunzi akishajua kulala majini, ubao ulioshikwa kwenye ukingo wa nyuma, mikono ikiwa imenyooka na uso ukiwa ndani ya maji, hauna ubaya wowote, nami ninautumia kupima kama teke limekubali.

Mzee wa Tengeru

Uso ukiwa ndani ya maji sina ugomvi, Mwalimu. Ninachokiona mabwawani ni watu wanaoushika kama meza na kuongea.

Ndugu Mkimbiaji, jiandae pia kwa kigimbi kukaza. Unapoanza kunyoosha vidole kwa muda mrefu, misuli ya nyuma ya muundi hujikunja yenyewe, hasa miezi ya Juni na Julai ambapo mabwawa yasiyopashwa moto huwa baridi sana, ya huku Arusha kuliko ya kwenu. Ikitokea, acha kupiga mateke, jigeuze chali, ushike ukingo, kisha uvute vidole kuelekea muundi hadi misuli iachie. Usirudi kupiga mateke mara moja. Ogelea kwa mikono urefu mmoja au miwili huku miguu ikiwa imelegea.