Gumzo la Ukoo wa Mzee Bakari: mwisho wa Evangelion

Feisal: Shikamooni wakubwa. Dada Mwanaidi uko hewani?

Mwanaidi: Niko, vipi mdogo wangu?

Feisal: Nimemaliza Evangelion usiku wa kuamkia leo. Dada nimekasirika kweli. Dunia inaenda kuisha, kila kitu kimepamba moto, halafu sehemu ya 25 na 26 Shinji kakaa kwenye kiti gizani anaulizwa maswali. Mwisho watu wamemzunguka wanampigia makofi, "hongera", "hongera". Basi, imeisha! Wamelipua kazi wale.

Zuwena: Mimi niko ya 18, nanyamazisha kundi mpaka nimalize. Msinimalizie uhondo 🙏🏾

Mwanaidi: Fanya hivyo Zuu, maana leo nitasema yote. Feisal, hawakulipua. Mimi nitaitetea ile ya 26 popote.

Ma'mdogo Halima: Hiyo ndiyo katuni ya majitu Nasri anayonisumbua nayo?

Mwanaidi: Shikamoo Ma'mdogo. Ndiyo yenyewe, ila kwa Nasri bado. Ukiona yale majitu unadhani ya watoto, lakini mambo yake mazito. Na filamu yake ya 1997 ina damu nyingi, na ina tukio moja la aibu mle hospitalini ambalo hutaki mtoto wa darasa la sita alione.

Ma'mdogo Halima: Marahaba. Ahsante kwa kunistua, nitamwambia asubiri.

Mjomba Kassim: Hebu Mwanaidi tuelezee na sisi ambao hatujaiona. Kisa chenyewe kikoje?

Mwanaidi: Shikamoo Mjomba. Ni mfululizo wa Japani, ulirushwa na TV Tokyo kuanzia Oktoba 1995 hadi Machi 1996. Mwongozaji wake ni Hideaki Anno. Hadithi yenyewe imewekwa mwaka 2015. Miaka 15 kabla yake balaa limeyeyusha barafu ya ncha ya kusini na nusu ya watu duniani wamekufa. Sasa kuna viumbe wanakuja kuushambulia mji mmoja, na wanaoweza kuendesha majitu ya kupambana nao, yaani hizo Eva, ni watoto wa miaka 14. Mmoja wao ni Shinji. Baba yake, Gendo, ndiye mkuu wa taasisi yenye majitu hayo. Mama yake alipotea Shinji akiwa mdogo, baba akamwacha alelewe na mtu mwingine. Miaka inapita kimya, ghafla anamwita.

Mjomba Kassim: Marahaba. Anamwita kwa kumkumbuka?

Mwanaidi: Hapana Mjomba. Anamwita aendeshe jitu. Amemwambia hivyo hivyo, bila kuzunguka.

Mjomba Kassim: Lahaula.

Ma'mdogo Halima: Baba mzazi huyo?

Feisal: Ndiyo Ma'mdogo. Na mtoto anakubali kwa sababu anataka baba amsifu tu. Hapo ndipo iliponikamata. Ndiyo maana mwisho umeniuma, nilitaka nione baba anaulizwa, nione nani kashinda, nione Asuka, yule msichana mwendesha Eva mwenzake, anaishia wapi. Wametuacha kwenye mataa.

Mwanaidi: Twende polepole basi. Kuna mpango wa siri unaosukwa nyuma ya vita vyote, mpango wa kuziunganisha nafsi za watu wote ziwe kitu kimoja. Kwa nini? Kwa sababu kila mtu ana ukuta unaomtenga na mwenzake. Wao wanauita A.T. Field. Mwanzoni tunauona kama ngao ya vitani tu. Baadaye tunaambiwa ndio huo huo unaokufanya uwe wewe na mimi niwe mimi. Ukiondoka, mwili unayeyuka, hakuna tena upweke, hakuna kukataliwa, hakuna kutoelewana. Na hakuna mtu pia.

Mjomba Kassim: Hapo nimekuelewa. Kwamba dawa ya upweke iwe ni kumfuta mtu.

Mwanaidi: Umeisema vizuri kuliko mimi, Mjomba.

Mwanaidi: Sasa Feisal, sehemu ya 26 inapoanza kuna maandishi kwenye kioo. Yanasema mpango umeshaanza, lakini muda hautoshi kusimulia ya watu wote, kwa hiyo utasimuliwa moyo wa mvulana mmoja tu, Shinji Ikari. Uliyasoma?

Feisal: Niliyaona ila niliyapita haraka

Mwanaidi: Ndiyo ufunguo huo. Vita unavyovidai vimeshapita wakati huo. Shinji yuko ndani ya huo mpango, nafsi yake imewekwa wazi, na swali lililobaki ni moja tu: anataka kuendelea kuwa mtu au hataki?

Feisal: Lakini dada, michoro ya penseli? Kurasa za muswada zinaonyeshwa hivi hivi? Picha zimesimama tu? Usiniambie hiyo nayo ni falsafa. Muda uliwaishia.

Mwanaidi: Ratiba iliwabana sana, hilo silibishi, linajulikana. Ila angalia walichofanya na huo uchache. Kuna pale Shinji anaelea kwenye weupe mtupu. Anaambiwa: hii ni dunia ya uhuru kamili, hakuna kinachokuzuia. Yeye anahangaika, hajui afanye nini. Basi wanachora mstari mmoja chini yake. Mstari tu wa penseli! Anaambiwa sasa una ardhi, umepungukiwa uhuru mmoja, lakini unaweza kusimama. Na kweli anasimama, anatembea.

Mwanaidi: Feisal, mstari mmoja. Wangekuwa na pesa za dunia nzima wangeichora milima na mawingu na wasingelisema hilo vizuri namna ile. Kinachomzuia mtu ndicho kinachompa mahali pa kusimama. Watu wengine ni huo mstari. Wanakubana, wanakuumiza, lakini bila wao unaelea tu, hata umbo lako hulijui.

Mjomba Kassim: Allahu akbar.

Feisal: Hiyo sikuiona hivyo, nakiri. Niliona kama wanajaza dakika.

Ma'mdogo Halima: Mimi sijaiangalia lakini nimeisoma hiyo mara mbili Mwana.

Mwanaidi: Halafu anaonyeshwa maisha mengine, ambayo yangewezekana. Mama yuko jikoni, baba anasoma gazeti mezani, Asuka ni rafiki wa utotoni anakuja kumwamsha wawahi shule, Rei, msichana mwingine mwendesha Eva, anakimbia na kipande cha mkate mdomoni. Kumbe ule woga wake haukuwa umbile, ni njia moja tu ya kuiona dunia na kujiona mwenyewe. Pale ndipo anaposema najichukia, lakini huenda nikaweza kujipenda. "Huenda" tu Feisal! Hakuna aliyempa uhakika. Ndipo kuta zinapasuka na watu wote wako pale, mpaka yule pengwini wa Misato, kamanda aliyekuwa akiishi na Shinji. Kinachopongezwa si ushindi wa vita. Wanampongeza kwa kukubali kuwepo.

Mwanaidi: Na ujue aliyeiandika. Anno alieleza mwenyewe mwaka 1995, kabla haijaanza kurushwa, kwamba alikuwa mtu aliyevunjika, miaka minne hakuweza kufanya kitu. Mtu kama huyo akikuandikia "huenda nikaweza kujipenda", mimi siwezi kumwambia kalipua.

Feisal: Sawa. Hapo nimenyamaza kidogo. Lakini basi mbona wakatengeneza tena filamu? Kama mwisho ulitosha?

Mwanaidi: Nikuambie yote au uiangalie kwanza?

Feisal: Mwaga tu dada, mimi nikijua ndiyo naangalia vizuri.

Mwanaidi: The End of Evangelion, Julai 1997. Inaanzia kabla ya yale makofi, lakini inakuonyesha nje kunatokea nini. Jeshi linavamia makao makuu yao, wanaua watumishi ovyo. Misato anakufa baada ya kumsukuma Shinji kwenye lifti. Asuka anapambana peke yake na Eva tisa, na ile huwezi kuisahau. Kisha mpango unaanza kweli: dunia nzima watu wanayeyuka kuwa maji ya rangi ya chungwa, kila mmoja akimwona mbele yake mtu anayempenda. Kila kitu kinawekwa mikononi mwa Shinji. Na Shinji, baada ya mateso yote yale, anakataa. Anasema anataka kuwaona tena, hata kama watamwumiza.

Ma'mdogo Halima: Kumbe anachagua watu.

Mwanaidi: Anachagua watu, Ma'mdogo. Mama yake anamwambia mwenye nia ya kuishi anaweza kupafanya popote pepo, maadamu yu hai. Na kila anayeweza kujiona tena moyoni mwake anaweza kurudi kuwa mtu. Halafu wanakuonyesha alichokichagua: ufuko, bahari nyekundu, Asuka amelala kando yake amefungwa bendeji jichoni na mkononi. Hakuna wa kusema hongera. Shinji anamkaba koo. Asuka hamrushii ngumi, ananyanyua mkono ule wenye bendeji anampapasa shavu. Shinji anaachia, analia. Asuka anasema anahisi kichefuchefu. Imeisha.

Feisal: Ndiyo mwisho huo???

Ma'mdogo Halima: Sasa amkabe kwa nini jamani, si amemtaka mwenyewe arudi?

Mwanaidi: Wengi wamegombana juu ya hilo Ma'mdogo. Mimi nionavyo, anataka kujua kama kweli kuna mtu mwingine pale. Katoka mahali ambapo watu wote walikuwa kitu kimoja. Anahitaji mtu wa kumpinga, au wa kumwogopa. Akapewa asichokitegemea, mkono shavuni, kisha neno la kumkataa. Vyote viwili kwa mtu mmoja. Huko ndiko kuishi na watu alikokuchagua.

Mwanaidi: Ndiyo maana siwaelewi wanaosema chagua mmoja, wa televisheni au wa filamu. Uamuzi ni ule ule. Televisheni imekuonyesha kwa ndani, kwa hiyo kuna makofi. Filamu imekuonyesha gharama yake. Ukiichukua filamu peke yake utadhani Anno anawachukia watu. Ukichukua makofi peke yake utadhani mambo ni rahisi.

Feisal: Hapo kwa kweli umenishika.

Mjomba Kassim: Na yule baba? Mmemsahau. Mimi tangu mwanzo namsubiri yeye.

Feisal: Na mimi Mjomba!

Mwanaidi: Kwenye filamu ya 1997, Mjomba, akiwa anakufa anakiri kwamba aliogopa, aliamini hakuna wa kumpenda, akaona afadhali akae mbali na mtoto. Anasema samahani Shinji. Ila Shinji hayupo pale kumsikia.

Mjomba Kassim: Basi haijasemwa hiyo. Samahani isiyofika masikioni mwa mtoto haijasemwa.

Mwanaidi: Ilichukua mpaka 2021 Mjomba. Anno alirudi akaisimulia upya kwa filamu nne, 2007, 2009, 2012, na ya mwisho Machi 2021. Hiyo ya mwisho ndiyo nataka muione wote, hata Ma'mdogo. Shinji anafika kwenye kijiji cha walionusurika akiwa hasemi, halii, hali. Hakuna anayemhubiria. Wanamwachia chakula, wanamwachia nafasi. Kuna siku analazimishwa kula, anatoka anakwenda kwenye magofu, anakula chakula kile kikavu huku analia kamasi zinamtoka. Wameichora kwa heshima sana ile. Na kuna msichana mwenye sura ya Rei, hajui chochote cha maisha, wakina mama wa kijiji wanamfundisha kupanda mpunga kwenye tope, anauliza maana ya "usiku mwema" na "ahsante".

Ma'mdogo Halima: Hiyo nitaiangalia.

Mwanaidi: Sasa Mjomba, Shinji anamwendea baba yake. Kwanza wanapigana, majitu mawili, na vita vyenyewe vinahamia kwenye studio ya vijumba vya maboksi, unaona kabisa ni mandhari ya kutengenezwa. Shinji anaelewa kwamba nguvu haitamaliza jambo hili. Anasema nataka kuongea na wewe. Wanakaa ndani ya treni. Shinji ana redio yake ya kaseti ya masikioni, ambayo kumbe zamani ilikuwa ya baba. Anamrudishia mkononi. Na baba, huyu aliyetaka kuziyeyusha nafsi za dunia nzima, ukuta unajitokeza mbele yake. Anashtuka mwenyewe. Anamwogopa mwanawe.

Mjomba Kassim: Subhanallah. Ndiyo hivyo. Ndivyo wanaume wengi walivyo.

Mwanaidi: Ndipo anapofungua kinywa. Anasimulia utoto wake wa upweke, vitabu, kinanda, jinsi mkewe alivyokuwa mtu wa kwanza kumpa raha ya kuishi. Mwishowe anagundua aliyekuwa akimtafuta alikuwa ndani ya huyu mtoto muda wote. Anamkumbatia Shinji mdogo, anaomba radhi, anashuka kwenye treni.

Feisal: Lakini mbona ni mtoto ndiye anamfuata baba? Miaka yote hiyo, na mwisho bado Shinji ndiye abebe kazi ya kumponya? Si haki.

Mwanaidi: Si haki, na filamu haisemi ni haki. Shinji anawafuata wote mmoja mmoja, Asuka, rafiki yake Kaworu, Rei, anamuaga kila mtu. Nahisi Anno alikuwa anawaaga hao hao. Angalia, ikifika pale Shinji peke yake ufukweni, picha inarudi kuwa michoro ya mistari tu, kama ile ya 1996 unayoilalamikia. Kisha anaibuka mtu mzima, kavaa suti, stesheni ya Ube-Shinkawa, anatoka anakimbia ameshikana mikono na Mari, mwendesha Eva mwenzake wa filamu hizi mpya, na picha inageuka kuwa ya kamera halisi, mji wenyewe wa Ube. Anno alizaliwa mji huo, mwaka 1960.

Mjomba Kassim: Feisal, swali lako zito. Mimi nasema hivi: baba ndiye aliyepaswa kuanza. Lakini mtoto akiisubiri siku hiyo anaweza kuzeeka anasubiri. Shinji hakwenda kwa kuwa ni wajibu wake, alikwenda apate kuondoka.

Feisal: Mjomba hiyo sikubali yote. Angeweza kuondoka bila kumsikiliza.

Mwanaidi: Iangalie kwanza ndiyo ubishe. Ya 1997 ianze, kisha nne za mwisho kwa mpangilio, usiruke ya 2012 hata ikikuchanganya.

Mjomba Kassim: Mimi hiyo ya treni nitaiona vipi? Simu yangu hii bando haitoshi.

Feisal: Jumamosi nakuja na leptopu Mjomba, nitakuwa nimezishusha zote. Ma'mdogo na wewe uje, Nasri abaki kwa bibi.