Ujerumani ilianza lini kuwa nchi moja?

Baba wa Kibirizi: Wakuu habari za jioni. Leo nimempeleka mwanangu kuona stesheni yetu hapa Kigoma, akapapasa zile kuta nene akaniuliza baba, Wajerumani waliojenga hii nchi yao ina miaka mingapi? Nikakwama kabisa. Nimemuahidi jibu, naombeni msaada.

Mwana Ujiji: Ndugu yangu ni changa kuliko unavyodhani. Mwanzo vilikuwa vidola vingi kila kimoja na mtawala wake, Prussia ndo mbabe. Bismarck, waziri mkuu wa Prussia, akaingia vitani na Ufaransa 1870, wakashinda, halafu tarehe 18 Januari 1871 wakatangaza dola lao kwenye ukumbi wa vioo pale Versailles, yaani ndani ya jumba la mtu waliyempiga! Mfaransa hakusahau, baada ya Vita Kuu ya Kwanza, Juni 1919 Mjerumani akaletwa ukumbi uleule kusaini mkataba wa kushindwa, na makoloni akanyang'anywa, sisi tukiwemo. Mi hapo huwa nasisimka.

Mama Mwanga: Msisahau meli ya Liemba jamani. Wajerumani walikuja nayo vipande vipande, 1916 wakaizamisha wenyewe ila kwanza wakazipaka injini grisi nzito, Mwingereza akaiopoa 1924 na ikafanya kazi tena!

Baba wa Kibirizi: Asanteni sana. Kumbe 1871 mpaka reli kufika hapa 1914 ni miaka 43 tu! Na ule ukuta wa Berlin?

Mwana Ujiji: Ulifunguka 9 Novemba 1989, Ujerumani Mashariki na Magharibi zikaungana 3 Oktoba 1990. Msalimie kijana.